AMANDINA LIHAMBA: ALIIGIZA MWANAMKE ASIYESEMA, AKATUMIA MAISHA YAKE KUFUNDISHA WASICHANA KUSEMA

Leo tuache kidogo mambo ya bei ya maharage na barabara, tuongee sinema.

Juzi hapa Mugoma tulikuwa kwenye kibanda umiza, mambo yakawa kama kawa: ngumi, magari yanalipuka, na jamaa anatafsiri juu kwa juu. Umeme ukakatika. Tukiwa tunausubiri, mshkaji mmoja akauliza swali: "Hivi kuna mwigizaji wa kike wa Bongo ambaye filamu yake ilipelekwa Oscar?" Watu wakacheka. Mmoja akataja Bongo Movie, mwingine akasema Oscar ni ya Wazungu, Tanzania haijawahi hata kusogea. Mimi nikanyamaza kwa sababu nilikuwa sijui. Kesho yake nikaenda kuchimba, na nilichokipata kikanifanya nione aibu kidogo. Yupo, na siyo wa jana. Ni mama wa kuzaliwa 1944, profesa, mwandishi wa tamthilia, na jina lake ni Amandina Lihamba.

Kama ulisoma Kiswahili sekondari huenda jina hili ulilipita kwenye jalada la kitabu bila kulitilia maanani. Ndiyo maana nimeandika makala hii ndefu kidogo, ili ikae hapa, mtu akitafuta aikute. Kama muda wako wa kafe unaisha, isevu kwenye flashi ukaisome nyumbani.

NI NANI HASA

Amandina Lihamba ni Mtanzania, msomi wa sanaa za maonyesho, mwigizaji, mwandishi na mwongozaji wa michezo ya jukwaani. Kazi yake kubwa ameifanya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, kwenye idara ya sanaa za maonyesho, ambako alifundisha hadi kuwa profesa. Amewahi kuwa mkuu wa idara, akawa mkuu wa kitivo, na akakaa kwenye baraza la chuo. Shahada ya uzamivu aliipata mwaka 1985 Chuo Kikuu cha Leeds, Uingereza. Utafiti wake ulihusu siasa na tamthilia Tanzania baada ya Azimio la Arusha, kuanzia 1967 hadi 1984.

Hebu itazame hiyo miaka. Mtu anayechunguza jinsi serikali na jukwaa vilivyovutana wakati wa Ujamaa si mtu aliyeingia kwenye sanaa kutafuta umaarufu. Alikuwa anataka kujua nani anaruhusiwa kusema, nani anaambiwa anyamaze, na ngoma na michezo ya kuigiza vinaingiaje hapo. Swali hilo limemfuata kwenye kila alichokifanya, na mtaliona likirudi humu ndani.

SINEMA YA MAJARIBIO NI NINI?

Kabla hatujaenda mbali tuelewane kuhusu aina ya sinema ninayoizungumzia, maana ukiitazama ukitegemea ngumi utaizima dakika ya tano.

Sinema tulizozoea zina njia iliyonyooka. Kuna stelingi, kuna adui, kuna tatizo, mwisho stelingi anashinda. Sinema ya majaribio haifuati njia hiyo. Inaweza kuchanganya ndoto na mambo ya kweli bila kukupa taarifa. Inaweza kurudi nyuma miaka ishirini halafu ikarudi tena leo. Picha na sauti zinafanya kazi ambayo kwingine ingefanywa na maneno. Mtazamaji anapewa sehemu ya kazi: akae afikirie.

Mfano unaotajwa sana duniani ni wa Maya Deren, mwanamke aliyefanya kazi zake Marekani. Mwaka 1943 yeye na mume wake walitengeneza filamu fupi inayoitwa Meshes of the Afternoon, isiyofika hata robo saa. Deren mwenyewe aliibuni na kuigiza ndani yake. Ina ufunguo, kisu, na mtu mwenye kioo mahali pa uso, na matukio yanajirudia kama ndoto. Haikuhitaji fedha za Hollywood, na mpaka leo inafundishwa vyuoni.

Sasa usije ukadhani huu ni mchezo wa Wazungu peke yao. Bibi zetu huku Ngara wakisimulia hadithi jioni, mtu anageuka fisi, marehemu anakuja kuongea na mjukuu, na hakuna anayesimamisha hadithi kuuliza "imewezekanaje?" Kwetu hadithi siku zote ilikuwa na ruhusa ya kuvuka mipaka hiyo. Filamu alizoigiza Lihamba zilichota humo humo.

ALIANZIA KWENYE KALAMU

Watu wengi wanaomtaja kwenye filamu wanasahau kwamba huyu mama ni mwandishi kwanza. Mwaka 1980 ilitoka tamthilia yake Hawala ya Fedha. Msingi wake ni kitabu cha Sembène Ousmane wa Senegal, yule anayeitwa baba wa sinema ya Afrika. Sembène alikiandika kwa Kifaransa miaka ya 1960, halafu mwaka 1968 yeye mwenyewe akakitengenezea filamu iitwayo Mandabi, kwa lugha ya Kiwolofu. Lihamba akaichukua hadithi hiyo, akaileta kwenye jukwaa la Kiswahili.

Hadithi yenyewe ukiisikia utadhani imetokea posta ya hapa kwetu. Mzee mmoja, Ibrahima Dieng, hana kazi, ana wake wawili. Mpwa wake aliyeko Paris anamtumia hawala ya fedha. Furaha! Majirani wanaanza kuja kukopa kabla hela haijatoka. Mzee anakwenda posta, anaambiwa alete kitambulisho. Hana. Ili apate kitambulisho anatakiwa cheti cha kuzaliwa. Hana. Anatakiwa picha, anatakiwa kumjua mtu ofisini, anatakiwa kutoa chochote. Mwisho wa yote anatapeliwa na ndugu aliyesoma, na hela ya watu haioni.

Wangapi wetu tumezungushwa hivyo kwa ajili ya namba ya kitambulisho cha taifa ili tusajili laini ya simu? Nadhani hapo mmenielewa. Miaka zaidi ya 40 imepita, na msichana wa Mugoma akiisoma leo bado anamjua yule karani.

Mwaka 1982 kikatoka Harakati za Ukombozi, alichoandika pamoja na Penina Muhando (ambaye baadaye tulimjua kama Profesa Penina Mlama) na Ndyanao Balisidya. Wanawake watatu wa Kitanzania, tamthilia moja, kuhusu historia ya nchi na mapambano yake. Halafu akawa sehemu ya kikundi cha Paukwa, ambacho tamthilia yake Ayubu ilichapishwa 1984. Paukwa ni neno la mwanzo wa hadithi, na hata kwa jina tu kikundi kilikuwa kinakuambia kimetokea wapi. Walikuwa wanajaribu kuvunja ule mtindo wa jukwaa la kikoloni, watu wamekaa kimya kwenye viti wanatazama pazia, na kurudisha ngoma, wimbo na msimulizi katikati ya watu. Mwaka 1992 ikaja Mkutano wa Pili wa Ndege, ambamo, kama jina linavyosema, ndege ndio wanaokutana.

Kwa hiyo tuseme hivi: majaribio aliyafanya jukwaani kabla kamera haijamfikia.

FILAMU YA KWANZA: ARUSI YA MARIAMU (1985)

Miaka ya 1980 filamu hapa nchini zilitengenezwa kwa shida sana. Kulikuwa na shirika la umma, Tanzania Film Company, na vifaa vilikuwa vichache. Usifikirie simu ya kupiga video. Walitumia mikanda ya filamu ya milimita 16, ambayo lazima ipelekwe kusafishwa ndiyo uone kama ulichopiga kimetokea. Ukikosea, hela imeungua.

Katika mazingira hayo ikatoka Arusi ya Mariamu mwaka 1985, iliyoongozwa na Nangayoma Ng'oge wa Tanzania na Ron Mulvihill wa Marekani. Ni filamu fupi, kama dakika 36. Lihamba aliigiza ndani yake. Inamhusu Mariamu, mwanamke kijana anayeumwa ugonjwa ambao hospitali haikuuweza. Njia inayobaki ni mganga wa jadi, lakini yeye ana hofu na waganga, hofu aliyotoka nayo utotoni. Kwa hiyo kupona kwake siyo suala la dawa peke yake. Kwanza lazima arudi kwenye kumbukumbu anayoikimbia.

Mnaona? Mambo ya zamani yanaingia ndani ya mambo ya leo, hofu ya ndani inakuwa ndiyo hadithi. Na filamu haimcheki mganga wala haimfanyi kuwa malaika. Inamtazama kama mtu mwenye ujuzi wake. Kwa wakati ule, ambapo Mwafrika kwenye sinema za nje alikuwa anaruka ruka na mkuki, hilo lilikuwa jambo zito.

FILAMU KUBWA: MAANGAMIZI (2001)

Sasa tufike kwenye jibu la swali la kibanda umiza. Filamu inaitwa Maangamizi: The Ancient One. Waongozaji ni wawili, Martin Mhando wa Tanzania na yule yule Ron Mulvihill. Muswada wake uliandikwa na mwanamke, Queenae Taylor Mulvihill. Naliweka hili wazi kwa sababu kuna watu huwa wanachanganya: Lihamba ni mwandishi wa tamthilia, lakini kwenye Maangamizi kazi yake ilikuwa kuigiza.

Hadithi kwa kifupi: daktari Mmarekani mweusi, Dokta Asira, anakuja Tanzania kufanya kazi kwenye hospitali ya wagonjwa wa akili. Huko anamkuta mgonjwa anayeitwa Samehe, ambaye hajasema neno kwa miaka ishirini. Samehe ana jeraha la utotoni, na ana mlezi ambaye wengine hawamwelewi: bibi wa kale, mzimu wa mababu, anayeitwa Maangamizi. Kidogo kidogo daktari anagundua kwamba hakuja kumtibu Samehe tu. Yeye mwenyewe ana kidonda chake, na bibi huyo anawahitaji wote wawili.

Lihamba ndiye Samehe. Dokta Asira ni BarbaraO, na Maangamizi mwenyewe ni Mwanajuma Ali Hassan.

Hebu tuyaangalie majina, maana wenye Kiswahili ni sisi na utamu huu ni wetu kabla ya wengine. Mwanamke aliyeumizwa anaitwa Samehe. Bibi anayemlinda anaitwa Maangamizi, neno ambalo sisi tunaliunganisha na kuteketezwa. Kwa watu weusi wengi wa Marekani na Uingereza, neno hilo hilo la Kiswahili limechukuliwa kuwa jina la utumwa na yote waliyofanyiwa Waafrika. Na Asira, masikioni mwetu, iko jirani kabisa na hasira. Kwa hiyo kabla hujatazama hata picha moja umeshapewa swali: hasira ikikutana na samehe mbele ya maangamizi, nani atamponya mwenzake?

Halafu fikiria kazi ya mwigizaji hapo. Mwigizaji wa kawaida anategemea maneno. Samehe hana maneno. Kila kitu kipitie machoni, mabegani, kwenye namna ya kukaa. Lihamba wakati huo alikuwa profesa, mtu ambaye kazi yake ya kila siku ni kusema mbele ya darasa, na wakampa nafasi ya mtu asiyesema. Waliosomea wanasema ukimya ndio mtihani mgumu kuliko yote kwa mwigizaji, kwa sababu ukidanganya kidogo tu kamera inaona.

MITO MIWILI ILIYOKUTANA

Hiki ndicho kitu ambacho sikukijua kabisa, na kilinifurahisha kuliko vyote.

Miaka ya 1970 pale Los Angeles, kwenye chuo cha UCLA, kulikuwa na vijana weusi waliokataa kutengeneza sinema za Hollywood. Alikuwepo Haile Gerima kutoka Ethiopia, Charles Burnett, Julie Dash na wengine. Walipiga filamu kwa hela ya kuungaunga, mitaani kwao, wakiwatumia watu wao. Kundi hili baadaye likaitwa L.A. Rebellion, yaani waasi wa Los Angeles.

BarbaraO, ambaye jina lake kamili ni Barbara O. Jones, alikuwa mwigizaji wao mkubwa. Aliigiza Bush Mama ya Gerima, filamu nyeusi na nyeupe kuhusu mama maskini wa mtaa wa Watts. Mwaka 1977 aliigiza Diary of an African Nun ya Julie Dash, iliyotokana na hadithi ya Alice Walker kuhusu mtawa wa Uganda, jirani zetu hapa. Na mwaka 1991 akaigiza Daughters of the Dust, pia ya Dash, ambayo ilikuwa filamu ndefu ya kwanza ya mwongozaji mwanamke mweusi wa Marekani kusambazwa kwenye majumba ya sinema ya nchi nzima. BarbaraO alifariki Aprili 2024, na hata kwao wengi hawakulijua jina lake.

Upande wa pili ndio hawa wa kwetu: Lihamba na wenzake wa Dar es Salaam, waliokuwa wanavunja jukwaa la kikoloni kwa ngoma na hadithi. Hawakuwa wamekaa darasa moja na wale wa Los Angeles, lakini walikuwa wanauliza swali lile lile. Maangamizi ikawakutanisha kwenye fremu moja, BarbaraO na Lihamba, daktari na mgonjwa. Ukilijua hilo, filamu inakuwa na uzito mwingine kabisa.

OSCAR: TUSEME UKWELI ULIVYO

Maangamizi iliwasilishwa na Tanzania kwenye tuzo za 74 za Oscar, upande wa filamu bora ya lugha za kigeni. Ilikuwa mara ya kwanza kabisa nchi yetu kuwasilisha filamu. Haikuingia kwenye zile tano za mwisho. Kwa hiyo ukisikia mtu anasema "ilishinda Oscar" au "iliteuliwa kuwania", mrekebishe kwa upole. Iliwasilishwa tu, kwa heshima ya nchi.

Baada ya hapo ilichukua miaka mingapi mpaka Tanzania ipeleke nyingine? Zaidi ya ishirini. Ni Vuta N'Kuvute ya Amil Shivji, iliyotokana na riwaya ya Shafi Adam Shafi, ndiyo iliyowasilishwa mwaka 2022. Katikati hapo tulikuwa na Bongo Movie imejaa kila kona, tulikuwa na marehemu Kanumba aliyetuliza nchi nzima mwaka 2012, lakini filamu ya kwenda mlango ule haikuwepo.

Martin Mhando naye hakuishia hapo, baadaye aliongoza kwa miaka mingi tamasha la filamu la Zanzibar, ZIFF.

MTU WA UKIMYA NA NENO "TUSEME"

Sasa nafika kwenye sehemu iliyonifanya nikae kimya mbele ya kompyuta hadi mwenye kafe akaniuliza kama naongeza muda.

Mwaka 1982 na 1983, Lihamba, Penina Mlama na Eberhard Chambulikazi walikwenda kijiji cha Malya, wilaya ya Kwimba, mkoa wa Mwanza. Ni huku huku Kanda ya Ziwa. Hawakupeleka mchezo uliotengenezwa mjini. Walikaa na vijana, wakawauliza matatizo yao ni yapi, wakaangalia ngoma walizonazo, halafu vijana wenyewe wakatengeneza igizo kwa ngoma zao na kulionyesha kijijini. Baada ya ngoma watu wanabaki, wanajadili, wanaamua nini kifanyike. Moja ya mambo yaliyojitokeza ni mimba za wanafunzi.

Njia hiyo inaitwa sanaa za maonyesho kwa maendeleo. Hatua zake ziko wazi: kutafiti pamoja na wenye tatizo, kuchambua chanzo, kutengeneza igizo, kuonyesha, kujadili, kupanga hatua, na kufuatilia. Tofauti yake na matangazo ya kampeni ni kwamba mwenye tatizo ndiye mtunzi. Hapewi jibu kutoka juu.

Mwaka 1996 njia hiyo ikaingia kwenye shule za sekondari kwa mradi uliopewa jina la TUSEME. Waliousimamisha walitoka idara ile ile ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, Lihamba na Mlama wakiwa mbele. Wasichana wanaunda klabu shuleni, wanachunguza wenyewe kwa nini wanafeli au wanaacha shule, na yale ambayo huwezi kumwambia mwalimu mkuu uso kwa uso wanayaweka kwenye igizo. Mwalimu anayesumbua wanafunzi wa kike. Mzazi anayesema ada ni ya kaka. Kazi za nyumbani zinazoanza saa kumi na moja alfajiri. Mimba. Baadaye shirika la FAWE, lenye makao Nairobi, likaichukua TUSEME na kuipeleka nchi nyingine nyingi za Afrika.

Mmeona mambo yanavyokutana? Mwanamke huyu kwenye filamu ni Samehe, msichana aliyeumizwa nyumbani akakosa sauti kwa miaka ishirini. Kwenye kazi yake ya kila siku anazunguka kuhakikisha wasichana wa kweli hawafiki alikofika Samehe. Nadhani ndiyo maana aliuweza ule ukimya. Alishakutana nao madarasani, aliujua sura.

Na hapa kwetu? Msinielewe vibaya, sitaki kumnyooshea mtu kidole. Lakini kila mmoja wetu aliyesoma sekondari huku anakumbuka dawati lililobaki wazi. Darasa letu kulikuwa na dada mmoja wa hesabu, tulikuwa tunamtegemea wote. Muhula mmoja hakurudi. Hakuna aliyetangaza, hakuna aliyeuliza, mwalimu aliendelea kuita majina na jina lake likarukwa. Mwaka 2017 Rais Magufuli alisema hadharani kwamba mwanafunzi akipata mimba harudi shule ya serikali. Novemba 2021 serikali ikabadilisha, ikaruhusu warudi baada ya kujifungua. Sawa, mlango umefunguliwa. Ila mlango ukifunguliwa kimya kimya, aliyeko Mugoma au Kabanga au Rusumo atajuaje kama umefunguliwa? Lazima mtu aseme. Kama kuna wazazi au madada wanaosoma hapa na wana binti nyumbani, mjue kwamba anaruhusiwa kurudi, nendeni mkaulize shuleni.

KWA NINI HATUMJUI?

Nimejiuliza sana. Naona sababu ni tatu.

Kwanza, filamu zenyewe hazikufika kwenye vibanda. Zilizunguka kwenye matamasha na vyuo. Sinema ya majaribio haina msambazaji wa kuipeleka stendi, na jamaa anayetafsiri juu kwa juu hana cha kutafsiri kama mhusika mkuu hasemi!

Pili, mwandishi wa tamthilia kwetu anaishia kuwa swali la mtihani. Tunakariri dhamira na wahusika, tunapata alama, tunauza kitabu. Hatuulizi aliyeandika ni nani.

Tatu, yeye mwenyewe hakujitangaza. Mwaka 2007 kilitoka kitabu kikubwa cha Women Writing Africa, juzuu ya Afrika Mashariki, na Lihamba ni mmoja wa wahariri wake. Kimekusanya maneno ya wanawake wa Kenya, Uganda, Tanzania, Malawi na Zambia: nyimbo, barua, hotuba, maombi. Huyo ndiye mtu tunayemzungumzia. Amepewa nafasi ya kitabu kizima, akaitumia kukusanya sauti za wengine.

KAZI ZAKE KWA UFUPI (kwa wanaotaka kunakili)

1980 – Hawala ya Fedha (tamthilia, kutoka kwa Sembène Ousmane)
1982 – Harakati za Ukombozi (tamthilia, na Penina Muhando na Ndyanao Balisidya)
1982–83 – Mradi wa Malya, Kwimba
1984 – Ayubu (tamthilia ya kikundi cha Paukwa)
1985 – Shahada ya uzamivu, Leeds
1985 – Arusi ya Mariamu (filamu, mwigizaji)
1992 – Mkutano wa Pili wa Ndege (tamthilia)
1996 – TUSEME
2001 – Maangamizi: The Ancient One (filamu, mwigizaji, nafasi ya Samehe)
2007 – Women Writing Africa, Afrika Mashariki (mhariri mmojawapo)

KWA WANAOTAKA KUANZA

Najua kuna madogo hapa wana simu nzuri na wanataka kupiga filamu. Huhitaji kuigiza Hollywood. Wale wa Los Angeles walianza na mtaa wao, wale wa Paukwa walianza na hadithi za bibi. Kama unataka kusomea, kuna Chuo Kikuu cha Dar es Salaam na kuna TaSUBa, ile taasisi ya sanaa Bagamoyo iliyokuwa ikiitwa Chuo cha Sanaa. Kama huna ada, anza na hatua zile za Malya. Kaa na wenzako watano, ulizeni ni jambo gani hapa kijijini kila mtu analijua na hakuna anayelisema. Hilo ndilo igizo lenu. Na kama mtaogopa kulisema kwa maneno, basi mkumbukeni Samehe: hata ukimya ukiigizwa vizuri, watu wanausikia.

Yule mshkaji wa kibanda umiza nimeshampa jibu lake. Ameniambia nitafute filamu yenyewe tuione wote. Natafuta. Mdau mwenye nakala ya Maangamizi au Arusi ya Mariamu, au uliyewahi kuwa kwenye klabu ya TUSEME shuleni kwenu, mwaga maoni hapo chini tusikie ilikuwaje. Matusi hapana, mengine yote karibu.

Nawakilisha kutoka Mugoma.